Kona Isiyokuwa kwenye Ramani

Lami ya barabara ya Ndhiwa kwenda Nyasoro inakatika ghafla kilomita ya kumi na nne, mbele ya shamba la muhogo, na hakuna hata kibao cha kumwonya mtu. Inspekta Nyangi Kerosi alisimamisha gari hapo Jumatano saa mbili asubuhi, akashuka, akaweka mikono kiunoni. Mbele yake udongo mwekundu uliendelea moja kwa moja kwa hatua mia mbili hivi, halafu alama zote za magurudumu zikaacha njia, zikapinda kushoto, zikazunguka kichaka na kurudi barabarani upande wa pili. Aliitazama ile kona kidogo, akaipuuza. Alikuwa na mambo mengine kichwani.

Historia ya barabara hiyo alikuwa ameisoma kwenye faili, na ilimchefua. Ilizinduliwa mara tatu. Mara ya kwanza watoto wa shule walisimamishwa juani tangu asubuhi hadi saa tisa wakimngoja mgeni aje awasikie wakiimba, na mgeni akafika, akapunga mkono bila kushuka garini. Mara ya pili utepe ulikatwa na mtu mwingine, aliyesema yule wa kwanza alikuwa mwongo. Mara ya tatu zilikuja mashine za kweli, na watu wakaamini. Wakasogeza ua, wakakata miti waliyoipanda baba zao, wakabomoa vibanda kwa mikono yao wenyewe huku wakicheka. Kati ya kilomita thelathini na moja zilizoahidiwa, zikapigwa lami kumi na nne. Kisha mwezi wa Aprili 2022 kampuni ikafunga virago, ikawaachia watu wa Nyasoro mapipa matupu na vumbi wanalolila mpaka leo.

Majuma matatu kabla ya kampuni kuondoka, Jumatano ya tarehe 30 Machi, alipotea Elvis Odoyo.

Elvis alikuwa fundi wa maabara ya udongo. Kazi yake ilikuwa kupima kila tabaka lililomwagwa barabarani na kulikataa likiwa laini. Faili lilisema kwamba aliiba mashine ya kupimia, na Alhamisi tarehe 31 akavuka mpaka pale Isebania, akaingia Tanzania. Aliyeandikisha maelezo hayo alikuwa Motari, msimamizi wa kazi. Askari aliyepokea maelezo hakuyahakiki. Faili lilifungwa baada ya siku nne, na lingebaki limefungwa kama si mwanamke mmoja aliyekuja kukaa kwenye benchi la ofisi ya upelelezi Migori kila Jumatatu, mwaka baada ya mwaka, mpaka mkubwa wa Nyangi akachoka kumwona, akampa Nyangi faili.

Mwanamke huyo sasa alikuwa amesimama kando ya lami, kanga kichwani, viatu mkononi. Truphena, mamake Elvis.

"Umekuja, nyara," alisema. Alikuwa amezoea kumwita hivyo, binti yangu, ingawa alijua Nyangi ni Mkuria na Kijaluo chake ni cha sokoni.

"Nimekuja, mama. Nilisikia kuna mazishi Jumamosi."

"Watazika yago."

Nyangi alilijua tunda hilo. Linaning'inia mtini, zito, refu kama mkono wa mtu mzima. Waluo mtu wao akifa na mwili ukakosa kuonekana, hulizika badala yake, kwa matanga na machozi yote yanayostahili. Likishafukiwa, mtu amekufa na mambo yameisha.

"Nani amesema amekufa?"

"Wazee."

"Na wazee waliambiwa na nani?"

"Ogweno ndiye alianzisha hayo maneno. Mtoto wa shemeji yangu. Alikuwa anaendesha greda hapa. Elvis ndiye alimtafutia hiyo kazi." Truphena aliangalia shamba la muhogo. "Amewasumbua wazee tangu Juni ya ule mwaka. Ati mtoto analala nje, azikwe apumzike. Mimi nimekataa miaka yote. Sasa wamesema nimekuwa mama mkaidi, watazika bila mimi."

"Na wewe wasemaje?"

"Mimi sikuzaa tunda." Sauti yake haikupanda. "Nyara, wakishazika hiyo kitu, nani atauliza tena? Wewe mwenyewe utapewa kazi ingine. Mtoto wangu atabaki mwizi aliyefia Tanzania. Nipe mpaka Ijumaa. Nionyeshe mahali yuko, hata kama ni mifupa."

Nyangi hakumwahidi kitu. Alikuwa amewahi kumwahidi mama mwingine, na hakutaka kurudia.

Alianzia Ndhiwa, kwenye duka la vifaa vya ujenzi la Abdirahim. Jina la mwenye duka lilikuwa kwenye faili kwa mstari mmoja tu: *anamfahamu mshukiwa*. Alimkuta akimpimia mteja misumari. Alingoja mteja aende, akaweka picha ya mashine juu ya meza.

"Umewahi kuona kitu kama hiki?"

"Hiki? Kililetwa hapa."

"Na Elvis?"

"Elvis wapi! Na Motari. Kilikuwa ndani ya buti ya gari yake. Alitaka nimtafutie mtu wa kukichukua. Nikamwambia mimi sishiki kitu kina namba ya kampuni, na zaidi nimefunga, aniache nipumzike."

Nyangi aliacha kuandika. "Umefunga?"

"Ilikuwa siku ya kwanza ya Ramadhani."

"Una hakika?"

"Madam, kuna mtu anasahau siku ya kwanza? Koo imekauka, na yeye amesimama hapo, anakunywa soda mbele yangu."

Nyangi alifungua simu, akatafuta kalenda ya mwaka huo. Ramadhani ilianza Jumapili, tarehe 3 Aprili. Kwa mujibu wa faili, mashine ilikuwa imevuka mpaka tangu Alhamisi mikononi mwa Elvis. Mashine haivuki mpaka Alhamisi ikarudi yenyewe Ndhiwa Jumapili.

"Mbona hukuyasema haya?"

"Nani aliniuliza? Askari alikuja, akasema unamjua Elvis, nikasema namjua, akaandika, akaenda. Baadaye nikasikia kijana ni mwizi. Nikanyamaza. Mimi ni mgeni hapa."

"Umeishi Ndhiwa miaka mingapi?"

"Kumi na tisa," alisema Abdirahim, akainama kuokota msumari uliokuwa umeanguka.

Saa nane mchana Nyangi alikuwa Homa Bay. Motari alikuwa na ofisi ghorofa ya pili, dirisha likitazama ziwa, na kazi mpya ya kusimamia jengo la mtu. Shati lilikuwa limenyooshwa mpaka mikunjo ikasimama. Aliagiza chai kabla hajaulizwa jambo.

"Mara ya mwisho ulimwona Elvis lini?"

"Jumatano hiyo, jioni. Ogweno alimpeleka stendi na pikipiki."

"Alikuwa amebeba nini?"

"Begi. Na mashine, kama tulivyokuja kugundua."

"Siku hiyo mlikuwa kwenye kazi gani?"

"Kalvati namba tisa. Mabomba ya kupitisha maji chini ya barabara yalikuwa yamelazwa, tulikuwa tunafukia ule mtaro wake."

"Elvis aliupima udongo wa kufukia?"

"Aliupima, akaupitisha. Mimi naweka karatasi zangu, Inspekta." Alifungua kabati, akachambua, akatoa fomu kwa fahari ya mtu nadhifu. Ilikuwa na jina la Elvis na sahihi yake chini.

Nyangi aliisoma pole pole. "Hii imeandikwa tarehe 31."

"Ndiyo."

"Tarehe 31, kwa maelezo yako mwenyewe, alikuwa Tanzania."

Motari alicheka, akapuliza chai. "Tarehe huandikwa tu. Site si benki."

"Na hiyo kalvati iko salama?"

"Ilipasuka. Ndiyo maana watu wanapita kando. Kijana alifanya kazi mbovu, sasa sisi ndio tunaonekana wabaya."

Nyangi aliomba kwenda na ile fomu na ramani ya barabara. Motari akampa vyote viwili. Mtu anayejiona salama huwa mkarimu. Kuhusu Abdirahim hakumtajia neno. Alitaka Motari alale vizuri usiku ule, asipigie mtu simu.

Alhamisi asubuhi alirudi barabarani na ramani mapajani, akiendesha mwendo wa konokono. Alitaka kujua kitu kimoja tu: kama kalvati ilikuwa imepasuka kweli.

Kwenye ramani barabara ilikuwa imenyooka. Mahali pamoja tu, kilomita ya tano, mstari ulikuwa umefutwa na kuchorwa upya kwa kalamu nyekundu, na pembeni mtu ameandika: *kaburi, mstari umesogezwa*. Aliifikia kona hiyo, akaliona kaburi lenyewe la saruji kando ya lami, la mzee aliyefariki mwaka 1978. Akaendelea. Kilomita ya kumi na nne lami ikakatika, na baada ya hatua mia mbili alama za magurudumu zikapinda kushoto, kama alivyoziona jana. Akafungua ramani tena. Hapo hapakuwa na kalamu nyekundu wala neno. Kona ya pili haikuwa kwenye ramani.

Alishuka kwenye kichaka na tochi. Kalvati namba tisa ilikuwa chini, mabomba manne ya zege, makavu, yamejaa majani. Aliingia kwa magoti mpaka mwisho, akatoka upande wa pili, akarudi. Hakukuwa na ufa hata mmoja. Alitoka na utando wa buibui usoni.

Mkabala na hapo palikuwa na kibanda cha mandazi. Mwenyewe, mwanamke aitwaye Damaris, alikuwa amemtazama muda wote bila aibu.

"Madam, umepoteza nini huko chini?"

"Natafuta mahali ilipopasuka."

"Wanasema imepasuka. Mimi sijaona."

"Nani alisema?"

"Ogweno. Hii diversheni ni yeye alichonga na greda, peke yake, Jumapili watu wako kanisa. Mimi nilikuwa nimebaki na mtoto mgonjwa."

"Jumapili gani?"

"Ile baada ya Elvis kupotea. Nikamuuliza, mbona unaharibu shamba ya watu na kalvati ni mpya? Akasema imepasuka." Damaris aligeuza andazi. "Na hata akipita na miguu, hapo juu hakanyagi. Mvua inanyesha, matope mpaka hapa, yeye anazunguka tu."

"Na ile kona ya kilomita ya tano, unaijua?"

"Ya mzee? Nani haijui? Ni Ogweno pia. Walimwambia pitisha greda, akazima, akashuka, akakaa chini. Akasema yeye hapitishi chuma juu ya mtu amelala. Siku tatu! Mpaka mainjinia wakasogeza mstari. Tulimpenda sana siku hiyo."

Nyangi alinunua mandazi mawili ambayo hakuyala. Alisimama pale ukingoni, akatazama udongo mwekundu ulioshindiliwa juu ya kalvati nzima isiyopitwa na mtu. Dereva yule yule, greda ile ile. Mara ya kwanza aliacha njia kwa sababu palikuwa na kaburi. Mara ya pili aliacha njia vilevile, na hakuna mtu aliyekuwa ameambiwa kwamba hapo pana kaburi. Akageuka, akaenda garini.

Boma la Ogweno lilikuwa mwendo wa dakika kumi. Alikuwa mwanamume mpana, wa miaka thelathini na kitu, macho mekundu ya mtu asiyelala. Alimkaribisha Nyangi ndani na kumpa kiti kizuri. Juu ya meza, kwenye shuka jeupe jipya, lilikuwa limelazwa tunda la yago.

"Hili nani amelikata?"

"Mimi."

"Mwili haujaonekana. Hakuna aliyemwona akifa. Wewe umejuaje?"

"Madam, miaka mitatu. Mtu akiwa hai atanyamazia mamake miaka mitatu?"

"Ulianza kuwaambia wazee mwezi wa sita mwaka ule ule. Hiyo ni miezi mitatu, si miaka."

Ogweno aliligeuza lile tunda kidogo.

"Siku hiyo Elvis ulimpeleka stendi?"

"Ndiyo. Na pikipiki."

"Motari amesema hivyo pia. Mlikubaliana vizuri." Nyangi alikunjua ramani, akaiweka kando ya lile tunda. Akaweka kidole kwenye kalamu nyekundu. "Hapa ulizima greda kwa sababu ya mzee. Sivyo?"

"Ndiyo."

Kidole kikasogea mpaka kalvati namba tisa. "Nimeingia ndani leo. Haijapasuka. Hapa ulizima kwa sababu ya nani?"

Kuku aliingia, akatembea chini ya meza, akatoka. Ogweno aliinua mkono kana kwamba anamfukuza, mkono ukabaki hewani.

"Alikataa kusaini," alisema hatimaye. "Alisema huo udongo ni laini, utakuja kuua watu. Akashuka mwenyewe ndani ya mtaro kuonyesha Motari. Ilikuwa imenyesha. Ukuta ukaanguka."

"Ukamfunika wote?"

"Mpaka hapa." Aligusa kifua chake. "Halafu ukaanguka tena."

"Kulikuwa na nani?"

"Mimi na Motari. Wengine walikuwa wameenda kula. Nikasema nichukue sepetu. Motari akasema wakaguzi wanakuja kesho kutoka Nairobi, wakipata maiti hapa watafunga site, watu mia mbili watarudi nyumbani, na mimi wa kwanza. Akasema, panda greda, sukuma."

"Na wewe?"

"Nikasukuma."

Kalamu ya Nyangi ilisimama. "Alikuwa amekufa?"

Ogweno alishika pembe ya lile shuka, akaanza kulinyoosha. Alilinyoosha mara tatu, nne. Nyangi akaandika kwamba mshukiwa hakujibu swali hilo. Alimchukia kwa chuki ambayo kazini haitakiwi. Majuma matatu baada ya siku ile site ilifungwa vilevile, na wale watu mia mbili wakarudi nyumbani vilevile.

Ijumaa alfajiri wenzake walimkamata Motari Homa Bay, akiwa bado na mswaki mdomoni. Saa tatu Nyangi alikuwa kwenye kalvati pamoja na daktari wa kuchunguza maiti, askari wanne, na Ogweno akiwa na pingu. Nyuma yao ilinguruma mashine ya kuchimba iliyokodiwa kutoka mjini. Wanaume wa ukoo walikuwa wamefika na majembe waliyoyanoa kwa mazishi ya kesho yake. 

Truphena alipita katikati yao, akaenda moja kwa moja mpaka kwa dereva wa mashine.

"Zima."

Dereva alimtazama Nyangi.

"Mama, ni mita mbili kwenda chini," Nyangi alisema. "Kwa mikono itachukua siku nzima."

"Ichukue. Mtoto wangu hataguswa na mashine tena."

Nyangi alimpungia dereva mkono, na ngurumo ikazimika. Daktari alionyesha mahali pa kuanzia na namna ya kuchimba bila kuharibu, na wanaume wakavua mashati. Udongo ulitoka kirahisi. Hata baada ya miaka mitatu ulikuwa laini, na kila aliyekuwa pale aliliona hilo kwa macho yake.

"Mama," aliita Ogweno. Alikuwa amepiga magoti kwenye nyasi. "Wanifungue pingu kidogo. Nichimbe na wao. Ni ndugu yangu."

"Usishike jembe hapa," Truphena alisema.

"Mama, tafadhali."

Truphena alimwendea, akasimama mbele yake. Nyangi alisogea karibu, asijue kama anakuja kumlinda mwanamke au mwanamume. Majembe yakapunguza mwendo.

"Nitakuuliza kitu kimoja," Truphena alisema. "Karatasi ya polisi nimesomewa, hapo hukujibu. Mimi utanijibu. Ulipomsukumia udongo, alikuwa amekufa?"

Ogweno aliinamisha kichwa.

"Nijibu, Ogweno. Nilikulea."

"Aliniita," alisema. "Mara mbili. Aliniita jina langu."

Majembe yote yalikuwa yamesimama sasa.

"Na wewe ukafanya nini?"

"Nilikanyaga mafuta, mama. Ili nisimsikie."

 Truphena akawageukia wanaume waliokuwa shimoni, akawaambia waendelee kuchimba.